Taban lo Liyong: ni wetu, ni wa Sudan Kusini, au hatumtaki tu?

#1 Mwalimu wa Lira
Habari za jioni wadau. Kuna jambo linanikera. Nafundisha fasihi S5 na S6, yaani kidato cha tano na cha sita. Juzi nikauliza darasa: nitajieni waandishi waliotoka kaskazini mwa Uganda. Okot p'Bitek, mikono yote juu. Mwingine? Kimya. Mmoja akamtaja mwanamuziki. Nikaandika ubaoni "Taban lo Liyong", mtoto mmoja akauliza kama huyo ni Mchina.

Huyu ni mshairi, mtunzi wa hadithi na mhakiki. Amekulia Acholi, akasoma Gulu High School na Sir Samuel Baker, kisha Marekani, Howard halafu Iowa, ambako mwaka 1968 alikuwa Mwafrika wa kwanza kuhitimu ile programu yao maarufu ya uandishi. Mwaka huohuo yuko Nairobi na Ngũgĩ wa Thiong'o na Henry Owuor-Anyumba, wanaandika waraka wa kutaka Idara ya Kiingereza ya chuo kikuu ifutwe na fasihi ya Afrika ikae katikati. Vitabu vyake vinajaza rafu.

Dai langu: Uganda imemtupa kwa sababu alizaliwa Kajo Keji, upande wa pili wa mpaka, Sudan Kusini ya leo. Nipingeni.

#2 Nakawa Boy
Nakupinga asubuhi na mapema. Hajulikani kwa sababu hasomeki. Lawino wa Okot (Song of Lawino, mke anayemlalamikia mumewe msomi) unamsoma ndani ya taksi kutoka Old Park, unacheka peke yako hadi konda anakutazama. Shika Meditations in Limbo ya Taban uone. Unaingia ukidhani ni hadithi, unajikuta kwenye mahubiri, mara anabishana na Wazungu waliokufa, mara anajisifu. Ukifika katikati umesahau ulikuwa unatafuta nini.

#3 Dereva wa Elegu
Mpaka gani mwalimu? Mimi naishi barabarani huko. Ukiwa Moyo, Kajo Keji unaiona kwa macho. Wakuku wako huku na kule, wanaoana, wanazikana. Vita vya 2016 vilipowaka walikimbilia wapi? Kambi ya Palorinya, hukuhuku Uganda. Mpaka huo ni wa maofisa wa forodha na sisi wenye malori, wenyeji hawaujui.

#4 Koboko Original
Mnazunguka mbuyu. Alimaliza masomo Marekani akataka kurudi nyumbani, Idi Amin akamzuia. Ndiyo maana akaishia Nairobi. Mtu akikosa nchi yake mapema hivyo, nchi nayo inamsahau.

#5 Lapwony Gulu
Ndugu wa #4, tarehe zako hazikai. Amin alipindua serikali 25 Januari 1971. Waraka wa Nairobi ni wa Oktoba 1968, na jina la Taban liko chini yake. Wakati huo Kampala iko mikononi mwa Obote, Amin ni mkuu wa jeshi. Najua hiyo hadithi ya Amin imeandikwa sehemu nyingi, watu wanainakili bila kuhesabu miaka.

Ukitaka serikali iliyoifanya Kampala isimvutie mwandishi mwaka 1968, anza na hiyo ya Obote. Oktoba hiyohiyo Rajat Neogy, mwanzilishi wa jarida la Transition, alikamatwa pamoja na mwanasiasa Abu Mayanja. Okot naye, Mganda wa kwanza kuongoza National Theatre, alishaondolewa kazini baada ya kuisema serikali akiwa Zambia. Akaishia hukohuko Kenya.

#6 Koboko Original
Sawa lapwony. Lakini kuanzia 1971 ungemshauri mtu mwenye mdomo kama wa Taban arudi Kampala? Basi Amin yumo.

#7 Lapwony Gulu
Yumo, lakini hayumo pale ulipomweka.

#8 Mama Bombo
Salaam aleikum. Kabla hamjamvisha huyo bwana taji, someni alichoandika 1965 kwenye East Africa Journal. Aliilaumu Afrika Mashariki kuwa ni tasa kifasihi. Ndipo watu wakaanza kuimba "jangwa la fasihi", mpaka leo.

Jangwa? Mwaka 1965? Shaaban Robert alikuwa amefariki miaka mitatu tu nyuma, ameacha tenzi, riwaya na insha. Muyaka bin Haji alishatingisha Mombasa karne nzima kabla. Mwana Kupona alimtungia bintiye utenzi 1858. Utendi wa Tambuka ni 1728! Nasi tunaozungumza Kiswahili hapa Uganda, tunaoambiwa kila siku kwamba lugha yetu ni ya askari na wezi, mnataka tumpigie makofi aliyepita katikati ya kisima akisema haoni maji?

#9 Nakawa Boy
Mama Bombo ameingia na bakora 😂

#10 Mbale Kwetu
Mama shikamoo, nakuheshimu, ila umeisoma ile makala kwa hasira. Alikuwa akitazama waliokuwa wakiandika kwa Kiingereza na kuhesabiwa duniani. Kumbukeni mkutano wa waandishi hapa Makerere, Juni 1962. Nigeria walikuja na Achebe, Soyinka, Okigbo. Sisi wenyeji tulikuwa na nani? Ngũgĩ bado mwanafunzi, anaitwa James, ana miswada mkononi. Taban aliona aibu akapiga kelele. Makusudi yake yalikuwa kuchokoza watu waandike, na wakaandika. Mwaka uliofuata tu, 1966, Song of Lawino inatoka Nairobi, Grace Ogot anatoa The Promised Land. Mchokozi alifanya kazi yake.

Halafu kwa kuwa tunalia waliosahauliwa: Timothy Wangusa je? Mshairi, profesa wa Makerere, riwaya yake Upon This Mountain imetoka 1989, mhakiki pia. Mbona hafunguliwi uzi?

#11 Dereva wa Elegu
Nilijua tu Mmasaba atamleta wa kwao. Subirini, sasa hivi atatuletea na kahawa.

#12 Lapwony Gulu
Mbale Kwetu, taratibu na hilo la "akapiga kelele, wakaandika". Ngũgĩ alishatoa Weep Not, Child 1964, mwaka mmoja kabla ya makala. Okot alichapisha Lak Tar, riwaya kwa Kiacholi, mwaka 1953. Taban amekulia Acholi. Ana uhakika gani kwamba hakuna kitu, na kitabu hicho kiko nyumbani kwao?

Hapo ndipo namuunga mkono Mama Bombo, na naongeza: si Kiswahili peke yake. Apolo Kagwa alichapisha Basekabaka b'e Buganda 1901. Miaka ya 1950 Waganda wanasoma hadithi za Kawere kwa Luganda. Hivyo vyote havikuhesabiwa.

#13 Mbale Kwetu
Lakini lapwony, yeye ndiye aliyekaa chini miaka mitatu baadaye kuandika kwamba Kiingereza kisiwe katikati. Huoni kwamba alijijibu mwenyewe? Mtu wa 1965 na mtu wa 1968 si mmoja.

#14 Mama Bombo
Au ni mmoja, anapenda tu kuwa upande wa pili wa kila ugomvi. Nawajua watu wa aina hiyo, nimeolewa na mmoja.

#15 Msomaji Kimya
Mimi huwa nasoma tu, leo naomba kuuliza. Mwalimu ameandika "mtunzi wa hadithi", wengine humu mtandaoni wanamwita mwandishi wa riwaya. Riwaya ipi?

#16 Mwalimu wa Lira
Swali zuri. Watu huitaja hiyo Meditations in Limbo ya 1970, ambayo Nakawa Boy ameshaitukana. Wengine wanaiita riwaya, wengine tafakuri, mwenyewe nadhani angefurahi mkikosa kukubaliana. Hadithi fupi zake ziko kwenye Fixions, 1969, na The Uniformed Man, 1971. Mashairi yako kwenye Frantz Fanon's Uneven Ribs, 1971, na mengine mengi baadaye. Uhakiki ni The Last Word, 1969, na hicho ndicho ningempa mtu aanze nacho.

#17 Arua Hill Vitabu
Ngoja niwaambie kama mtu anayeuza vitabu vya mitumba. Mnatafuta sababu kubwa kubwa za mipaka na marais. Sababu ni kwamba vitabu havipo! The Last Word ilichapwa na East African Publishing House, nyumba ikafa. Ballads of Underdevelopment, 1976, ilitoka East African Literature Bureau, mwaka uliofuata Jumuiya ikavunjika, Bureau ikageuka kuwa ya Kenya peke yake. Heinemann walichapa vingine, kisha wakaacha kuvirudia. Mtu wa kaskazini angevipata wapi?

Na mteja wangu anakuja na orodha ya UNEB, baraza la mitihani, mkononi. Kisichokuwa kwenye orodha hata ukimpa bure anauliza "hiki ni cha nini?" Lawino naagiza, anaisha. Fixions ilinikalia dukani hadi jalada likapauka.

#18 Mwalimu wa Lira
Unayo bado?

#19 Arua Hill Vitabu
Ipo. Njoo inbox.

#20 Nakawa Boy
Kwa hiyo Arua Hill anakubaliana na mimi. Angekuwa anasomeka, ingekuwa imenunuliwa kabla jalada halijapauka.

#21 Arua Hill Vitabu
Kijana, Biblia za Kilatini nazo haziuziki kwangu. Si kwa sababu Mungu haandiki vizuri.

#22 Mtu wa Mutukula
Niko upande wa Tanzania lakini ruhusuni nichangie. Okot alitufikia sisi kwa Kiswahili. Wimbo wa Lawino, tafsiri ya Paul Sozigwa, 1975. Bibi zetu wasiojua neno la Kiingereza walisomewa wakacheka na Ocol, mume wa Lawino, na kola yake. Taban kwa Kiswahili mimi sijawahi kumshika mkononi. Tena mada zake ni za chuoni, anabishana na maprofesa. Kwa mtu wa kijijini yule si jirani. Lawino ni jirani.

Na kingine. Ngũgĩ alipofariki Mei 2025, taarifa nyingi nilizosoma ziliutaja ule waraka wa 1968. Nilihesabu majina, mara nyingi nikakuta moja tu.

#23 Lapwony Gulu
Asante ndugu wa Mutukula, umenipa risasi. Owuor-Anyumba ni Mkenya, alifundisha Kenya, nani anamtaja Kenya leo? Kama kuzaliwa nje ndiko kunakomfanya mtu asahauliwe, huyo wa ndani kasahauliwa kwa nini? Mwalimu wa Lira, dai lako la #1 linavuja.

#24 Mwalimu wa Lira
Linavuja, halijazama. Owuor-Anyumba hakuacha rafu ya vitabu. Taban ameacha. Nataka kusikia mtu anieleze ule ugomvi wake na Lawino, maana naona ndio mzizi.

#25 Lapwony Gulu
Ndani ya The Last Word kuna insha inaitwa "Lawino is Unedu". Kwa kifupi, mwanamke ambaye hakusoma shule amepewa jukwaa la kuhukumu waliosoma, na Taban hakubali. Okot anasema boga la boma la zamani lisingʼolewe. Taban anasema mtu wa leo achukue kila anachokitaka, cha Wagiriki, cha Wachina, cha babu, apike chungu kimoja. Kwake yeye Mwafrika hana deni la kubaki alivyokuwa. Amewacheka watu wa Négritude, wale waliosifu Uafrika wa asili, kwa sababu hiyohiyo.

Sasa fikirieni Gulu ya miaka ile. Lawino amekuwa sauti ya mama wa kila mtu. Anatokea kijana kutoka Amerika anasema mama hakusoma. Nani atamsamehe?

#26 Koboko Original
Wivu. Okot alipata sifa yeye akapata uhakiki. Ni wivu tu, msiupambe.

#27 Mbale Kwetu
Wivu gani unaomfanya mtu akae aitafsiri upya kazi ya mpinzani wake? The Defence of Lawino, Fountain Publishers, Kampala, 2001. Ni Taban huyohuyo, ameutoa kwenye Kiacholi mstari kwa mstari. Okot alikuwa amefariki tangu Julai 1982, muda mfupi baada ya kurudi Makerere kama profesa. Hakukuwa na mtu wa kumshinda tena.

#28 Koboko Original
Hasa! Amesubiri mwenzake afe ndipo amsahihishe tafsiri yake. Mimi nikifa msiguse boda yangu.

#29 Mama Bombo
😂😂 Koboko nyamaza.
Lakini kwa kweli hilo la tafsiri linanigusa. Mtu anayetumia miaka kuonyesha kwamba Kiacholi cha mwenzake ni kizito kuliko Kiingereza kilichosomwa dunia nzima, huyo anaipenda lugha. Mwaka 1965 nilimkuta anatuita tasa, 2001 namkuta anachimba kisima. Sijui nimweke wapi.

#30 Dereva wa Elegu
Mwekeni Juba. Niliwahi kumpakia bwana mmoja pale Nimule, akaniambia yeye ni mwanafunzi wa Taban wa Chuo Kikuu cha Juba. Safari nzima ni Taban, Taban. Nikamwambia, huyo si wa kwetu Uganda? Almanusura ashuke kwenye lori. Kwao hakuna mjadala: ni profesa wao, basi.

Kwa hiyo wakati sisi tunabishana, wenzetu wameshafunga faili.

#31 Nakawa Boy
Kafundisha Juba, Papua New Guinea, Venda kule Afrika Kusini, Japani kakaa. Mtu mwenye mguu kama huo akisahauliwa na nchi moja ana nyingine tano. Msimlilie.

Tukiongelea miguu: kuna anayejua kwamba Okot alikwenda Uingereza 1956 na timu ya taifa, na baadhi ya wachezaji walicheza pekupeku? Timu ikarudi, yeye akabaki kusoma, Bristol, Aberystwyth, hadi Oxford. Cranes wa siku hizi wana viatu vya dola mia mbili na mpira hauingii.

#32 Arua Hill Vitabu
Usitutoe kwenye mada, ingawa kuhusu Cranes uko sahihi.

#33 Binti Kitgum
Nimefuatilia uzi wote. Hakuna aliyetaja vita vya Kony na serikali, na wengi wenu ni watu wa kaskazini. Nashangaa.

Baba yangu alikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Alikuwa na sanduku la vitabu, na nakumbuka Eating Chiefs kwa sababu jina lilinichekesha, nikadhani ni kitabu cha mapishi. Tulipohamishiwa kambini, watu waliambiwa waondoke haraka. Ukibeba, unabeba sufuria, godoro, mtoto. Sanduku lilibaki. Nyumba ikachomwa, na sijui ni upande upi uliochoma, wala sitaki tubishane juu yake hapa.

Kambini shangazi alikuwa anaikariri Wer pa Lawino, ile Lawino ya Kiacholi, jioni. Hakuwa na kitabu. Alikuwa ameishika kichwani tangu ujana wake, vipande vipande, palipomtoka alijazia ya kwake, hasa pale Lawino anapomsema Clementine, mpenzi wa kisasa wa mumewe. Wanawake waliokuwa wamekaa siku nzima kwenye foleni ya posho walikuwa wanacheka. Okot alivuka vita kwa sababu alikuwa mdomoni. Taban alikuwa kwenye karatasi.

Mwalimu wa Lira, wanafunzi wako wamezaliwa na watu waliokulia kambini. Ulitaka wamsikie Taban kutoka kwa nani?

#34 Mwalimu wa Lira
Binti Kitgum, asante sana. Sina la kujibu hapo haraka. Mimi mwenyewe nilikuwa Lira, tulipokea watu.

#35 Mtu wa Mutukula
Pole dada.

#36 Mama Bombo
Pole mwanangu. Nitasema jambo dogo, usilichukulie vibaya. Hicho Eating Chiefs ulichokitaja, 1970, ni masimulizi ya Waluo aliyoyakusanya na kuyaandika upya, kuanzia Lolwe, yaani Ziwa Victoria, hadi Malakal huko Sudan Kusini. Yaani nayo yalitoka mdomoni. Kwa nini shangazi hakuyakariri hayo? Au aliyakariri, ila kwake yalikuwa hadithi za babu, hayahitaji jina la mwandishi?

#37 Binti Kitgum
Hadithi hizo alitusimulia, mama. Mgogoro wa ndugu na mkuki na ushanga tuliusikia wote. Hakuna mtoto wa Kiacholi asiyeujua. Lakini hakuna aliyesema "hii ni ya Taban". Ni yetu, atakuwaje mwenyewe yeye?

#38 Lapwony Gulu
Hapo kuna kitu. Okot naye alikusanya nyimbo na ngano, Horn of My Love 1974, Hare and Hornbill 1978, na watu wanajua ni zake. Sidhani mdomo na karatasi vinatosha kueleza. Okot alikuwa na Lawino, mtu mmoja mwenye jina, anayelia na kutukana. Taban hakutuachia mtu. Mtajeni mhusika mmoja wa Taban ambaye mama sokoni angemjua.

#39 Nakawa Boy
Taban mwenyewe. Ndiye mhusika wake.

#40 Koboko Original
Nakawa leo umesema la maana, weka tarehe.

#41 Msomaji Kimya
Na kuna kile kitabu chake cha mashairi cha 1972, ambacho jina lake lina lile tusi la watu weusi wa Marekani. Nilijaribu kuombea kikao cha wazazi ruhusa ya kukiweka maktaba ya shule. Mwenyekiti alisoma jalada, akafunga kikao. Vitabu vingine vinajifungia mlango vyenyewe.

#42 Mbale Kwetu
Kwa hiyo mpaka sasa tuna: mpaka, ugumu, Amin, Obote, wachapishaji, UNEB, Lawino, wivu, vita, jalada. Na bado hatujafika kwa Wangusa.

#43 Dereva wa Elegu
Fungua uzi wako ndugu, tutakuja na kahawa yako tunywe.

#44 Kijana wa Jinja
Wakubwa nimechelewa, naombeni PDF ya The Last Word.

#45 Arua Hill Vitabu
Huyu ndiye sababu ya kumi na moja.

#46 Kijana wa Jinja
Jamani, nimeuliza tu. Kwani maktaba ya Makerere hawana?

#47 Lapwony Gulu
Nenda idara ya fasihi, omba kwa heshima. Ukikipata anza na hiyo insha ya Lawino, lakini soma Lawino kwanza, usije humu ukabeba upande mmoja. Ukimaliza tafuta pia Africa's Cultural Revolution ya Okot, 1973. Hao wawili wanajibizana hata pale wasipotajana.

#48 Mwalimu wa Lira
Arua Hill, nimekutumia ujumbe kuhusu Fixions. Basi la Arua linalopita Karuma linatufikia siku gani? Nataka kunakili hadithi moja kwa mkono ubaoni, ile fupi kuliko zote, nione watasema nini kabla sijawaambia ni ya nani wala alizaliwa wapi.

#49 Arua Hill Vitabu
Mabasi yapo kila siku ila usimwamini konda na kitabu. Dereva wa Elegu, unapita lini?

#50 Dereva wa Elegu
Alhamisi niko Gulu napakua saruji. Mwambie mtu wako akifikishe Gulu, mimi nitakishusha Lira Ijumaa. Nauli ni soda mbili, na mwalimu anisomee ukurasa mmoja nione kama Nakawa anasema kweli.